Uhuru wa Mwandishi wa Kujitegemea na Sarufi ya Maafa

Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili umezipanua sana himaya zake katika miongo michache iliyopita. Misemo ya kanga imeingia madarasani, maandishi ya matatu yameandikiwa tasnifu, na nyimbo ambazo wazee wa fani walizipuuza sasa zinachambuliwa kwa makini yale yale yanayopewa riwaya na tenzi. Hata hivyo, taarifa ya mwandishi wa habari za nje bado inakalishwa nje ya kizingiti. Sababu inayotolewa, aghalabu kwa mkato na bila kutetewa, ni kwamba mwandishi huyo anasema yaliyotukia, ilhali fasihi ni zao la ubunifu. Makala haya yanashikilia kwamba sababu hiyo ni dhaifu, na zaidi ya udhaifu ina madhara, kwa kuwa ni katika taarifa za namna hiyo, kuliko katika riwaya yoyote, ndimo watu wa Afrika Mashariki walimosimuliwa kwa walimwengu, na mara nyingi wakasimuliwa kwao wenyewe.

Udhaifu wa sababu hiyo hauhitaji ushahidi mrefu. Ryszard Kapuściński wa Poland, aliyeripoti kutoka Dar es Salaam tangu 1962 kwa niaba ya shirika la habari la nchi yake, anasomwa leo katika idara za fasihi za Ulaya na Marekani kama msanii wa nathari. Mwaka 2010 Artur Domosławski alitoa wasifu wake uliotilia shaka ukweli wa mambo kadhaa aliyoyaandika, na mjadala uliozuka Poland ulikuwa, kwa namna nyingi, mjadala wa kifasihi: mipaka ya msimulizi, haki ya kutunga, deni la msimulizi kwa msimuliwa. Hakuna aliyesema kwamba maswali hayo hayawahusu wahakiki. Ni hapa nyumbani tu ambako mhakiki anaisikia taarifa ya maafa ya jirani yake redioni, anazima redio, kisha anarudi kuhesabu mizani.

Anayehusika hasa ni yule aitwaye mwandishi wa kujitegemea: asiye na mshahara wa gazeti wala wa serikali, aendaye kwenye tukio kwa nauli yake na kuuza alichokipata kwa atakayenunua. Wasifu wa mtu huyu huandikwa kama utenzi. Yuko peke yake, amezungukwa na madola na majeshi, na silaha yake ni kalamu au kamera. Neno linaloushikilia usimulizi wote ni "huru". Madai ya makala haya ni kwamba uhuru huo, kama unavyosimuliwa, ni mbinu ya utunzi, na kwamba gharama yake haimwangukii shujaa. Inamwangukia shahidi, mtu aliyepatwa na jambo lenyewe, ambaye hupokonywa sarufi yake ili taarifa ipate kuuzika.

Kielelezo kikubwa cha aina hii katika Afrika Mashariki ni Mohamed Amin. Alizaliwa Eastleigh, Nairobi, mwaka 1943, akakulia Tanganyika, na mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka ishirini hivi, akaanzisha Camerapix huko Dar es Salaam. Aliyashuhudia Mapinduzi ya Zanzibar, na baadaye akaonja jela ya Unguja kwa sababu ya picha zake. Tom Mboya alipopigwa risasi Nairobi tarehe 5 Julai 1969, Amin alifika na kamera yake kabla damu haijakauka. Alimpiga picha Idi Amin kwa miaka mingi. Mwaka 1984 alizipiga picha za njaa ya Ethiopia zilizoitikisa dunia. Juni 1991, ghala la silaha lilipolipuka Addis Ababa, alipoteza mkono wa kushoto, na akarudi kazini kwa mkono wa bandia. Alikufa tarehe 23 Novemba 1996 ndege ya Shirika la Ndege la Ethiopia ilipotekwa nyara na kuanguka baharini karibu na Ngazija. Katika watu 175 waliokuwamo, 125 walipoteza maisha.

Maisha kama hayo hayahitaji kutiwa chumvi, na makala haya hayana nia ya kuyapunguza. Kinachohojiwa ni namna yalivyosimuliwa. Wasifu wa kwanza, *Mo: The Story of Mohamed Amin* (1988), uliandikwa na Brian Tetley, mwenzake wa kazi aliyeandika maelezo ya vitabu vyake vya picha na ambaye baadaye alikufa naye katika ndege ile ile. Wa pili, *The Man Who Moved the World* (1998), ni wa Bob Smith akishirikiana na Salim Amin, mwana wa marehemu. Mwana huyo ndiye pia aliye nyuma ya filamu *Mo & Me* ya 2006. Yaani matini tatu kuu za maisha haya zimetoka nyumbani kwa shujaa mwenyewe. Hilo si kosa. Tenzi nyingi za kale zilitungwa na watu wa karibu. Kosa ni la wasomi waliozipokea matini hizo kama kumbukumbu tupu za matukio, wasiulize swali hata moja ambalo wangemuuliza mtunzi wa utenzi. Jina la kitabu cha pili pekee lingetosha kuwaamsha. Linamsifu mtu aliyeisogeza dunia, na kitenzi chake kina mtendaji mmoja tu.

Katika hadithi ya Fumo Liyongo, shujaa afungwapo, anayemletea mkate wenye tupa ndani yake ni kijakazi. Ni mtu wa chini kabisa katika jamii ile. Lakini utenzi unamtaja kwa jina, Saada, na bila yeye hakuna kutoroka na hakuna utenzi. Mapokeo ya Waswahili, pamoja na makosa yao yote ya kitabaka, yalifahamu kwamba ushujaa ni kazi ya mikono mingi, na kwamba mkono wa kijakazi lazima usimuliwe. Sasa alinganishwe John Mathai. Alikuwa mrekodi sauti wa Amin, na alikufa katika mlipuko ule ule wa Addis Ababa uliomkata bosi wake mkono. Katika muhtasari mwingi wa maisha ya Amin unaozunguka, jina la Mathai hutokea mara moja, katika sentensi inayomwua, na sentensi ifuatayo inaurudia mkono wa Amin na teknolojia iliyochukua nafasi yake. Mtu aliyebeba sauti hakupewa sauti. Mhakiki aliyefunzwa kuuliza ni nani aliyesahauliwa katika riwaya fulani angeliona jambo hili mara moja lau angeruhusiwa na kawaida za taaluma yake kulitazama.

Kuhusu "kujitegemea" kwenyewe, mambo ni dhahiri zaidi. Camerapix ilikuwa mali ya Amin, ndiyo. Hata hivyo mnunuzi wake mkubwa wa picha za habari alikuwa Visnews ya London, shirika ambalo BBC na Reuters walikuwa miongoni mwa wenye hisa zake, na ambalo Reuters waliligeuza kuwa televisheni yao katika miaka ya tisini. Mwandishi wa kuajiriwa akikosa habari leo atalipwa mwisho wa mwezi. Mwandishi wa kujitegemea akikosa mnunuzi hali. Kwa hiyo ni yeye, kuliko mwajiriwa, ambaye hana budi kujua mapema mnunuzi anataka kuona nini. Huu ni ukweli mchungu ambao sifa ya "uhuru" huuficha: mtu asiye na bwana mmoja anaweza kuwa na mabwana wote kwa pamoja. Mkulima wa mahindi wa Trans Nzoia anaufahamu vizuri sana. Yeye pia hujitegemea. Shamba ni lake, jembe ni lake, jasho ni lake. Bei inatajwa na mwingine.

Oktoba 1984 ndio mwezi ambao mambo haya yote yalikutana. Amin alikwenda Makele na Korem pamoja na Michael Buerk wa BBC, na taarifa yao ikaonyeshwa tarehe 23 ya mwezi huo, kisha ikasambazwa na Visnews kwa mamia ya vituo vya televisheni. Picha ni za Mkenya. Maneno ni ya Mwingereza. Mgawanyo huu wa kazi umepita bila kuchunguzwa, ilhali ndio kiini cha matini yenyewe. Picha za Amin zinatembea polepole katika uwanda wenye ukungu wa alfajiri, zinakaa juu ya uso mmoja mmoja, na haziharakishi. Mtu anaweza kudai kwamba zina staha. Juu yake inakuja sauti ya mtangazaji ikiifananisha njaa hiyo na njaa ya zama za Biblia. Tashbihi hiyo ndiyo iliyokumbukwa, na ndiyo iliyofanya kazi ya kiitikadi ambayo picha peke yake isingeifanya.

Maana njaa ya Biblia ina mtendaji gani? Mungu, au mbingu zilizofungwa. Njaa ya Ethiopia ilikuwa na watendaji wenye majina na vyeo. Ukame ulikuwapo, lakini ulikutana na serikali ya Mengistu iliyokuwa ikipigana vita Tigray na Eritrea, ikizibana njia za biashara na kuyalenga maeneo ya waasi. Kazi ya Alex de Waal ya mwaka 1991 ilionyesha kwa kina jinsi vita na mbinu zake zilivyoufanya ukame kuwa maangamizi. Wala haikuwa kweli kwamba dunia haikuambiwa. Dawit Wolde Giorgis, aliyekuwa mkuu wa tume ya Ethiopia ya misaada, alikuwa ameziomba nchi wahisani chakula mapema mwaka huo huo, miezi kadhaa kabla ya kamera kufika. Alisema kwa takwimu na kwa vikao, na hakusikilizwa. Palipopatikana picha na tashbihi, dunia ikaamka, na iliamka ikidhani imeona tendo la mbingu. Desemba ile wanamuziki wa Uingereza na Ireland walitoa wimbo ulioulizia kama Waafrika wale walijua kwamba ni Krismasi. Waethiopia walikuwa Wakristo tangu karne ya nne, na sikukuu yao huangukia tarehe 7 Januari.

Pingamizi linajulikana, na si la kubezwa. Itasemwa kwamba taarifa ile iliokoa maisha ya watu wengi, kwamba bila Kiingereza cha Buerk na bila mtandao wa Visnews chakula kisingefika, na kwamba mhakiki aliyeshiba hana haki ya kulalamikia tashbihi iliyomlisha mwenye njaa. Sehemu ya kwanza ya pingamizi hili inakubaliwa yote. Amin alifanya jambo kubwa, na alilifanya kwa ukaidi ambao watu wachache wanao. Lakini sehemu ya pili haifuati kutoka kwa ya kwanza. Hatua ya kumlisha mtu haimpi mlishaji umiliki wa hadithi yake. Na zaidi ya hapo, tashbihi yenyewe ilikuwa na matokeo yake: msaada ulioombwa kwa jina la ukame ulipelekwa kupitia serikali iliyokuwa sehemu ya chanzo cha njaa, na serikali hiyo ikawa inawahamisha watu wa kaskazini kwa nguvu hadi kusini-magharibi. Maneno mabaya ya taarifa hayabaki katika taarifa. Hupanda malori.

Malori hayo yanaleta hoja nyumbani. Barabara iendayo Lodwar na Lokichoggio hupita Kitale, na tangu 1989, Operesheni ya kuokoa maisha ya Wasudani ilipoanza kuendeshwa kutoka Lokichoggio, mji wa Kitale umekuwa ukitazama misafara ya chakula na ya waandishi ikipita kuelekea kwenye njaa za watu wengine. Trans Nzoia yenyewe ni nchi ya mahindi. Isipokuwa na moshi, haina habari. Kachibora, soko lililo chini ya milima ya Cherangani upande wa mashariki wa wilaya hiyo ya zamani, ni mahali pasipo na sababu yoyote ya kutajwa London. Mashamba yanayolizunguka yalikuwa ya walowezi; baada ya 1963 yakagawanywa kwa miradi ya makazi, yakanunuliwa na vyama vya ushirika na kampuni za ununuzi wa ardhi, mengine yakaishia mikononi mwa wakubwa. Wakaja pamoja Wabukusu, Wanandi, Wamarakwet, Wapokot, Wasabaot, Wakikuyu, Waturkana, na wengine. Sokoni wanauziana kwa Kiswahili. Hiki ndicho kigezo kizuri cha kuupima uhuru wa mwandishi, kwa kuwa hapa shahidi ana lugha yake ya umma, lugha ambayo idara hizi zinadai kuifundisha.

Tarehe 29 Oktoba 1991, katika shamba la Meteitei lililoko Tinderet, Nandi, yalianza mashambulizi yaliyoenea upesi hadi Trans Nzoia, Bungoma na kwingineko katika Bonde la Ufa na Magharibi. Endebess na miteremko ya Mlima Elgon iliumia mapema. Kamati ya Bunge iliyoongozwa na Kiliku iliripoti mwaka 1992 kwamba watu wenye vyeo walikuwa na mkono katika ghasia hizo, na Tume ya Akiwumi, iliyoteuliwa 1998, ilirudi kwenye mambo yale yale. Mwaka 2008 moshi ulipanda tena, na uwanja wa maonyesho wa Kitale ukajaa mahema. Katika vipindi vyote viwili waandishi wa nje walifika. Wengi wao walikuwa watu wa bidii, na baadhi walijihatarisha. Istilahi waliyoipeleka duniani ilikuwa moja: mapigano ya kikabila, ambayo "yalizuka".

Kitenzi hiki kinastahili kukaliwa. Kuzuka ni kutokea ghafla kusikotarajiwa, kama vumbi, kama mzuka ambao jina lake limetoka humo humo. Kitu kilichozuka hakina aliyekileta. Mashambulizi yaliyofuata mikutano ya hadhara, yaliyokuwa na usafiri na silaha, na yaliyotangulia uchaguzi wa vyama vingi kwa mwaka mmoja na zaidi, yakageuzwa na kitenzi kimoja kuwa jambo la hali ya hewa. Ni tashbihi ya Biblia kwa mara nyingine, ila safari hii imefichwa ndani ya sarufi.

Sasa ichukuliwe sentensi ambayo mtu yeyote wa Kachibora, Endebess au Kapsokwony angeweza kuisema kuhusu miaka hiyo: *Tulichomewa nyumba.* Kiswahili kina mnyambuliko ambao Kiingereza hakina. Kauli ya kutendea ikiungana na kauli ya kutendwa, aliyepatwa na jambo ndiye anayekuwa kiima cha sentensi. Nyumba iliungua, lakini sentensi haianzi na nyumba. Inaanza na sisi. Ndivyo ilivyo katika kuibiwa, kunyang'anywa, kuvamiwa, na katika kitenzi kile cha ajabu, kufiwa, ambacho kinakitazama kifo cha mtu kama jambo lililompata aliyebaki. Taarifa ya mwandishi wa nje hutafsiri *tulichomewa* kwa sentensi inayosema kwamba nyumba kadhaa ziliteketezwa. Hesabu ya nyumba imeingia. *Sisi* tumetoka.

Kuna zaidi. Sentensi hiyo ya shahidi nayo haimtaji mtendaji. Msomaji wa haraka atasema basi haina tofauti na "mapigano yalizuka". Tofauti ni kubwa mno. *Tulichomewa* huacha nafasi wazi mwishoni, nafasi ya *na*: tulichomewa na nani? Msemaji anaijua nafasi hiyo. Mara nyingi anamjua hata mtu. Haijazi kwa sababu kesho atakutana na mtu huyo, au na mamaye, kwenye foleni ya kusaga unga. Kimya chake ni uamuzi, na uamuzi ni kitendo cha msimulizi. Kimya cha "yalizuka" hakina nafasi wazi. Kimeziba mahali ambapo swali lingeulizwa. Mhakiki anayeweza kutofautisha kimya cha mhusika na kimya cha mwandishi katika riwaya ya Mohamed Suleiman Mohamed ameshindwaje kuvitofautisha hivi viwili?

Hali kadhalika neno *mkimbizi*. Katika lugha ya mashirika na ya taarifa, watu walioondolewa mashambani mwao mwaka 1992 na 2008 waliitwa wakimbizi wa ndani. Nomino hiyo imejengwa juu ya kitenzi cha kutenda: mkimbizi ni yeye aliyekimbia. Lakini watu hao, kwa sehemu kubwa, walifukuzwa. Aliyefukuzwa ana aliyemfukuza. Aliyekimbia ana miguu yake tu. Tume moja baada ya nyingine iliwashughulikia waliokimbia, na swali la mashamba waliyofukuzwa likachelewa.

Baada ya hapo taarifa hurudi. Hili ni sehemu ya kadhia ambayo mwandishi wa wasifu wa kishujaa haigusi kamwe. Maneno ya shahidi yaliyosemwa kwa Kiswahili karibu na Kitale, yakatafsiriwa na mwenyeji aliyeajiriwa kwa siku na asiyetajwa, yakaandikwa kwa Kiingereza, yakauzwa, yakahaririwa ng'ambo, yaliweza kurejea jioni katika matangazo ya Kiswahili ya BBC, ya Sauti ya Ujerumani au ya Sauti ya Amerika, yakiwa yametafsiriwa upya kutoka Kiingereza. *Tulichomewa* iliondoka. Yaliyorejea ni mapigano yaliyozuka, kwa lafudhi fasaha, na yakaanza kutumiwa na watu wa mahali pale pale kuyaelezea maisha yao. Kama huo si upokeaji wa matini, na kama hiyo si tafsiri yenye itikadi, basi istilahi hizo ziondolewe katika mitaala.

Ni haki kuongeza kwamba idhaa hizo hizo zilikuwa na waandishi wao wa kujitegemea waliozungumza na mashahidi kwa Kiswahili na kupeleka sauti zao bila kupitia Kiingereza. Hao ndio waliokuwa karibu zaidi na fani inayotakiwa hapa. Walilipwa kidogo, walitishwa na maafisa wa wilaya, na hakuna aliyeandika wasifu wao kwa jina la mtu aliyeisogeza dunia. Taarifa zao, zilizokuwa simulizi fupi zenye msuko, wahusika na lugha iliyo hai, hazina hata tasnifu moja ya maana inayozisoma kama matini.

Wasemao kwamba aina hii ya uandishi ni ngeni kwa Kiswahili wamesahau mapokeo yao. Mwaka 1896 Salim bin Abakari, mtu wa asili ya Ngazija, alifuatana na bwana wake Mjerumani, Bumiller, hadi Urusi, Siberia na Asia ya Kati. Masimulizi yake ya Kiswahili yalichapwa na Carl Velten mwaka 1901 katika *Safari za Wasuaheli*, na Lyndon Harries akayarudisha mbele ya wasomaji mwaka 1965. Hapa ni Mwafrika anayeziripoti nchi za nje kwa watu wa kwao, kwa lugha yao. Anaeleza reli, baridi, mavazi, vyakula na ibada za watu asiowajua, na pia anasimulia jinsi watu hao walivyomtazama yeye. Anatazama huku akitazamwa, na anavisema vyote viwili. Salim hakuwa huru hata kidogo: alikuwa mtumishi, safari haikuwa yake, na matini yake ilipita mikononi mwa mhariri wa kikoloni. Lakini sarufi ilikuwa yake. Akilinganishwa na mwandishi wa kujitegemea wa miaka mia moja baadaye, mwenye kampuni, pasipoti na tuzo, lakini asiye na sentensi moja ya Kiswahili katika taarifa anayoiuza, swali la nani kati yao alikuwa huru zaidi si la mzaha.

Wala mapokeo hayo hayakukatika. *Mbali na Nyumbani* ya Adam Shafi (2013), masimulizi ya kijana aliyeiacha Unguja akitafuta njia ya kwenda ng'ambo, yana jicho la mwandishi wa habari katika kila mpaka anaouvuka, na yanawaachia watu wa njiani nafasi ya kusema. Inashangaza kwamba yamejadiliwa kama tawasifu ya ujanani tu, na si kama hoja kuhusu namna Kiswahili kinavyoweza kuripoti.

Kuhusu Amin mwenyewe, lawama iwekwe panapostahili. Alikuwa mtu wa picha, na soko alilolikuta lilizungumza Kiingereza, hakulitengeneza. Wenye lugha walikuwa wengine, na walikuwa vyuoni. Katika miaka yote ambayo alikuwa akirudi Nairobi na kanda zake, idara za Kiswahili za Kenya na Tanzania zilikuwa zikibishana juu ya uhalali wa shairi huria. Ubishi ule ulikuwa na thamani yake. Lakini Korem haikupata maelezo ya Kiswahili yanayosomwa hadi leo, na Endebess nayo haikuyapata.

Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilisikiliza mashahidi wengi waliosema kwa Kiswahili, wakiwamo wa Mlima Elgon, ambako kundi la SLDF na kisha operesheni ya kijeshi ya Machi 2008 viliwaacha watu wakiwa na majeraha ya pande zote mbili. Ripoti yake ya mwaka 2013 ni ya Kiingereza. Mwanafunzi wa uzamili anayetafuta mada ana hapa kazi ya miaka: kuyalinganisha maneno yaliyosemwa na yaliyoandikwa, kitenzi kwa kitenzi, na kuona ni mara ngapi *tulichomewa* iligeuka kuwa nyumba zilizoteketea. Chuo Kikuu cha Kibabii kiko Bungoma. Moi iko Eldoret, na kutoka hapo hadi Kachibora ni safari ya asubuhi moja. Mtu aliyekuwa na miaka arobaini mwaka 1992 amevuka sabini, na wenzake kadhaa wamekwisha kuzikwa katika mashamba ya kukodi, mbali na yale waliyofukuzwa.